Hali Njema

28 Januari

Kwa Mama,

Habari za wiki. Natumaini barua hii inakukuta salama. Naomba unijibu maswali manne kama kawaida yetu.

Unalala saa ngapi, na unaamka ukijisikiaje?
Umekula nini, na umekula na nani?
Umetoka nje mchana, ukaota jua, ukatembea?
Umeongea na nani wiki hii?

Usijibu vizuri, jibu kweli. Andika lolote, hata mstari mmoja. Nitausoma mimi mwenyewe.

Daktari wako

* * *

5 Februari

Kwa mwanangu Daktari,

Marahaba. Hukuniamkia, na hii ni barua ya tano sasa haina shikamoo, lakini nimejiitikia mwenyewe maana najua ni haraka za kazi. Mtoto niliyemlea mimi hawezi kukosa adabu.

Bahasha imefika jana na muhuri wake wa hospitali. Sikuifungua nyumbani. Niliibeba hivyohivyo mpaka kwa mshonaji wa pale kona, nikakaa kwenye benchi la wateja, nikaisoma kwa sauti. Mshonaji unamjua, ana watoto watano na wote wanampigia simu wakikwama tu. Nikamwambia, "Wangu ananiandikia kila wiki, tena kwa kalamu." Akasema, "Dada, inua mguu, umekanyaga kitambaa cha mteja." Wivu huo, nakwambia.

Na mwandiko wako umenyooka siku hizi. Zamani ulikuwa unaandika kama kuku aliyetoka kukanyaga tope, mwalimu aliniita shuleni mara mbili kwa ajili hiyo. Sasa herufi zimejipanga kama askari wa gwaride. Nimemwonyesha mshonaji nikamwambia cheo kinanyoosha hata mkono.

Pale mwisho ulipoandika "Daktari wako" nilirudia kusoma. Wako wangapi duniani wenye daktari wao wenyewe? Matajiri, na mimi. Nilikumbuka siku uliyosema unakwenda kusomea magonjwa ya akili, shangazi yako akacheka mpaka chai ikampalia. "Kasoma miaka yote hiyo aje kuwa daktari wa vichaa?" Nikamwambia, wifi, hata wewe una kichwa, siku kikikusumbua utamtafuta. Halafu ulipoanzisha kliniki yako ya kuchanganya dawa na chakula, na usingizi, na kutembea, na kuvuta pumzi mmelala kwenye mikeka, madaktari wenzako wakaiita kliniki ya kuhema. Uliniambia mwenyewe ulipokuja, umekaa jikoni kwangu machozi yanakutoka, nami nikakwambia waache waheme nje. Leo picha yako iko kwenye jarida la hospitali, umesimama na jembe katika bustani ya wagonjwa. Nimeikata. Iko kwenye pochi yangu, na mikunjo imeanza kupasuka kwa kuonyeshwa watu.

Haya, maswali yako. Nalala kama gogo, naamka nikiwa mpya. Nakula vizuri mpaka gauni la bluu limenikataa. Nakula na nani? Na wageni, mwanangu. Vikombe vyangu sita havitoshi, juzi mmoja kanywea chai kwenye bakuli. Jua naota, natembea mpaka kona na kurudi. Nimeongea na nani? Niulize sijaongea na nani.

Ya simu usijali. Naisikia kama sufuria linalochemka, na wewe kila nikipiga uko na mgonjwa. Barua inanitosha. Kila Jumanne ikifika, mama yako hana shida na mtu.

Mama yako, ninayejidai kwa ajili yako

* * *

18 Februari

Kwa Mama,

Habari za wiki. Nimefurahi kusikia una wageni wengi, na pole kwa gauni la bluu. Maswali yetu ni yaleyale manne. Usijibu vizuri, jibu kweli. Andika lolote, hata mstari mmoja. Nitausoma mimi mwenyewe.

Daktari wako

* * *

26 Februari

Kwa mwanangu Daktari,

Marahaba yangu ya kujipa.

Hiyo pole ya gauni imenichekesha siku nzima. Mtu mwenye wagonjwa mia tatu, anakumbuka gauni la mama yake. Niliisoma kwa mshonaji mara ya pili kwa ajili ya mama mmoja aliyekuja kuchukua sare, hakuwa amesikia mwanzo. Mshonaji amehamisha benchi la wateja, kaliweka nje ukutani. Anasema ndani hapana hewa. Sawa, nje sauti inafika mbali zaidi.

Majibu: usingizi, gogo. Chakula, tele. Jua, tele. Watu, tele.

Sasa na mimi nina swali, langu ni moja tu. Tarehe tisa Machi baba yako anatimiza miaka mitatu tangu atuache. Sitaki makubwa. Nataka ukae kwenye kile kiti kingine, tunywe chai, ukipenda turudi kaburini kung'oa majani, usipopenda tukae tu. Utakuja? Kama huwezi, niandikie "siwezi", nitaelewa. Nimeshamwambia mshonaji kwamba unakuja, lakini hilo ni langu na yeye, lisikubane.

Mama yako

* * *

4 Machi

Kwa Mama,

Habari za wiki. Natumaini barua hii inakukuta salama. Naomba unijibu maswali manne kama kawaida yetu. Usijibu vizuri, jibu kweli. Andika lolote, hata mstari mmoja. Nitausoma mimi mwenyewe.

Daktari wako

* * *

12 Machi

Mwanangu,

Leo hakuna marahaba.

Jumapili iliyopita ilikuwa tarehe tisa. Nilitoa vikombe vyote sita, nikavipangusa, nikavipanga. Jua likazunguka kutoka dirisha hili mpaka lile. Nikavirudisha kabatini. Nikasema barua ya Jumanne itanieleza. Na jana ilipofika, kwa kujiamini kwangu, nikaenda nayo kwa mshonaji bila kuifungua. Nilitaka asikie sababu yako kutoka kwako mwenyewe.

Mshonaji alikuwa anampima suruali mwashi mmoja, mtu mzima, mpole, aliyerudi hapa mwaka jana kutoka huko mjini kwako alikokuwa anajenga maghorofa. Mimi nikasimama mlangoni nikasoma. Habari za wiki. Natumaini. Naomba. Macho yakatangulia kutafuta tarehe tisa, haipo. Nikafika kwenye "Usijibu vizuri", nikanyanyua kichwa. Kabla sijashuka tena kwenye karatasi, yule mwashi, kanyoosha mikono, utepe umemzunguka kiunoni, akamalizia. "Jibu kweli. Andika lolote, hata mstari mmoja. Nitausoma mimi mwenyewe." Neno kwa neno. Kama mtu anayeimba wimbo anaoupenda, bila kujua kwamba ametoa sauti.

Utepe ukalegea. Mshonaji akamuuliza, "We umejuaje?"

Uso wa yule baba ulikuwa kama wa mtu aliyevuliwa shati barabarani. Hapo nikaelewa mambo mawili kwa mpigo, kwamba yeye ni mgonjwa wako na hapa mtaani hakuna anayejua, na kwamba mimi nilichokuwa nakibeba kwenye pochi si kile nilichodhani. Nikawahi kusema, "Si nilimsomea ile nyingine pale nje wiki jana, akaipenda."

Mshonaji akasema, "Kumbe na wewe ulishikwa? Pole, kaka. Hapa hakuna anayepona na barua za huyu dada."

Wateja wakacheka. Nikacheka na mimi, tena kuwashinda.

Mwashi akanisindikiza. Tulipofika mlangoni kwangu akatoa karatasi mfukoni mwa shati, imekunjwa mara nane, akaifungua juu ya kizingiti pembeni ya yangu. Mwandiko uleule wa askari wa gwaride. Maswali yaleyale. "Daktari wako". Akaniambia, "Mama, kumbe tuna daktari mmoja." Alifikiri ananifurahisha. Akasema hiyo sentensi ya mwisho ndiyo inayomtoa kitandani.

Basi niambie. Kama ni mgonjwa wako, naumwa nini? Kama ni mama yako, mwandiko ule ni wa nani? Na hiyo "mimi mwenyewe" ni nani?

Maswali manne sijajibu.

Mama yako, kama bado

* * *

19 Machi

Shikamoo mama,

Hunijui. Mimi ni karani wa barua hapa kliniki. Mwandiko ni wangu. Daktari alitunga maneno, mimi nayaandika kwa mkono, kwa sababu aligundua watu waliotoka wodini wanajibu zaidi barua ya kalamu kuliko ya mashine. Majibu yakirudi nayasoma mimi kwanza. Barua ya mwenye tatizo naipeleka kwa daktari siku ileile na anamwandikia yeye mwenyewe. Asiye na tatizo namwandikia kwenye daftari "hali njema", barua inaingia kwenye faili.

Mama, zako zote zilisema hali njema. Ndiyo sababu hakuziona. Ile ya kuuliza tarehe tisa niliibandikia kikaratasi nikaiacha mezani kwake, ikafunikwa na mafaili ya watu. Nilipaswa kumwambia kwa mdomo. Kosa hilo ni langu na naomba radhi.

Hii ya mwisho nimempelekea mkononi, nikafunga mlango nikatoka.

Pole ya gauni niliiweka mimi kwa kichwa changu. Sikutumwa. Barua zako nilikuwa nazisoma wakati wa chai, na kusema kweli ndizo nilizokuwa nazingojea.

Karani

* * *

20 Machi

Shikamoo, Mama.

Huu mwandiko ni wangu, utamtambua kuku wako.

Karani ameniambia alichokuandikia. Hajakwambia kwa nini jina lako liliingia kwenye orodha, kwa kuwa ananistahi. Kufikia mwisho wa Desemba nilikuwa nimepitisha wiki tano sijakuandikia, na sikujua kwamba ni tano mpaka nilipotazama kalenda. Nikaogopa. Nikamwambia karani, muweke mama kwenye orodha ya Jumanne, asipitwe. Nilikuweka kwenye orodha ili nisikusahau. Sentensi hiyo nimeiandika mara tatu nikitafuta namna ya kuifanya isomeke vizuri, na haipo.

Unawaambia watu mambo mengi kunihusu, na mengine ni ya kweli. Kliniki imekua. Watu wanaotoka kwetu hawarudi wodini kama zamani, na wale waliotuita kliniki ya kuhema sasa wanatuletea wagonjwa wao. Lakini nasikiliza watu kuanzia asubuhi, na nikifunga mlango maneno yanakuwa yameisha. Simu yako ikiita naitazama. Mara nyingine sina mgonjwa, Mama. Nasema ninaye. Nawafundisha watu wasile peke yao, halafu narudi nyumbani nakula nimesimama kwenye sinki, sivui hata viatu.

Jana nimesoma barua zako zote kwa mpigo, kila moja ina "hali njema" pembeni. Karani ni mtu mwema ila si daktari. Mgonjwa akiniandikia wageni wengi namna hiyo na asimtaje hata mmoja, namwita kesho yake. Wewe hujawahi kusimulia mtu bila kumuigiza sauti. Wageni wako hawana sauti, hata yule wa bakuli, na huyo nadhani hayupo.

Hukulazimika kumfunika yule mwashi kwa aibu yako, lakini ulifanya ambacho mimi ningejaribu kufanya, na sidhani ningekiweza.

Ukitaka nikutoe kwenye orodha, nitakutoa leo. Nijibu kweli.

Kijiko

* * *

29 Machi

Kijiko wangu,

Marahaba, mwanangu. Hii nimeipokea, sijajipa.

Jina hilo nimelikuta mwisho wa karatasi nikakaa chini. Ulikuwa na miaka miwili, unalala na kijiko mkononi, tukikunyang'anya nyumba haikaliki. Nilidhani umelitupa siku uliyovaa koti jeupe.

Haya. Nakujibu moja moja.

Silali. Desemba niliteleza kwenye ngazi ya nyuma, ile iliyomeguka, nyonga ikagonga saruji. Tangu siku hiyo siwezi kujigeuza kitandani, nasinzia kwenye kiti cha baba yako. Naamka shingo imepinda na runinga inaongea peke yake.

Nakula mkate na chai. Nimesimama, maana nikikaa kuinuka ni kazi. Kwa hiyo wewe kwenye sinki lako na mimi kwenye langu, tumekuwa tukila pamoja muda wote huu bila kuambiana. Gauni la bluu halikunikataa kwa unene. Limenipwaya, mshonaji amelipunguza mara mbili, na hajasema kwa mtu. Nimemsema vibaya sana, nakiri.

Jua ni Jumanne tu, siku ya barua. Natembea mpaka kona nimeshika ukuta.

Wageni hakuna. Vikombe vitano havikutoka kabatini tangu siku tatu za msiba wa baba yako, mpaka tarehe tisa. Watu walianza kunikwepa taratibu. Nikiingia mahali naona mtu anakumbuka ameacha kitu jikoni. Wamechoka kumsikia mwanangu daktari. Lakini ningewasimulia nani mwingine? Mimi nilikomea darasa la saba, mambo yangu yanaisha kabla chai haijapoa. Ya kwako hayaishi.

Unajiuliza kwa nini nilidanganya. Una wagonjwa mia tatu. Nilitaka awepo mtu mmoja hapa duniani ambaye hakupi kazi. Nikajiandika mwenyewe hali njema, karani akanakili tu. Usimkasirikie.

Yule mwashi alikuja Jumatano na ndoo ya saruji. Hakubisha hodi, nilisikia tu mwiko unakwangua nyuma, nikafungua dirisha. Nikamwambia, "Baba, nani kakutuma?" Akasema, "Mama, mimi na wewe ni wa daktari mmoja, hatutumani." Amejenga ngazi upya na kuweka chuma cha kushikilia. Akanywa chai, kwenye kikombe, nimekitoa kimoja. Si msemaji. Alipoondoka alikiosha mwenyewe akakifunika, na nyumba ikawa kimya kuliko kabla hajaja. Hilo nalo nakwambia, maana umesema nijibu kweli.

Orodha usinitoe. Karani aendelee na Jumanne zake, anaandika vizuri, na pole ya gauni alinipa yeye. Lakini na mimi nimefungua daftari. Nimenunua jipya, la mistari. Lina jina moja tu, lako, na sina karani. Kwa hiyo jibu, na usinijibu kidaktari:

Unalala?
Unakula nini, na viatu umevua?
Jua unaliona wewe, au unawatuma wagonjwa tu?
Umeongea na nani wiki hii? Sikusema umemsikiliza nani.

Kwa mshonaji sijaenda na barua yako. Hii siisomi kwa mtu.

Mama yako

* * *

6 Aprili

Shikamoo, Mama.

Nalala muda wa saa nne hivi, kwa vipande.

Mkate. Viatu nimevivua leo kwa sababu uliuliza, nikakaa kwenye kiti. Nilikuta sina kiti cha pili.

Jua naliona kupitia kioo.

Wiki hii nimewasikiliza watu themanini na sita. Niliyeongea naye ni wewe.

Kuhusu nyonga hiyo, nenda ukapigwe picha Jumatatu. Hapo nasema kidaktari na sitaki ubishi, mwashi akusindikize. Nimeomba likizo ya siku nne. Bado hawajanijibu, na sitakuahidi mpaka wanijibu. Usimwambie mshonaji.

Karani aliniuliza aandike nini kwenye daftari mbele ya jina lako wiki hii. Nilimwambia asiandike kitu, anipe daftari. Nimeandika mwenyewe kwa mwandiko wa kuku, naye akatazama akasema hawezi kuusoma.

Nikamwambia haumhusu.

Kijiko